Inchi Hamsini na Tano

Nilikata mninga inchi hamsini na tano
kwa kuwa ndivyo alivyonitajia Bwana Rwegoshora,
mtu wa wizara, nyumba mpya Iyumbu,
sebule bado inanuka rangi:
"Fundi, luninga ni hamsini na tano.
Ikae kwenye kabati, isibane, isicheze."

Ikaletwa. Ikaingia. Ikacheza.
Kushoto pengo la kiganja, kulia pengo la kiganja,
ya juu nisiseme.
Ilikuwa mtoto ndani ya koti la babaye.
Bwana hakufoka. Alinitazama tu,
kama mtu anayezihesabu upya
pesa alizokwisha toa.

Nikarudi Kizota na aibu yangu kwenye guta.
Upepo wa Agosti ulikuwa unazoa maranda
na kuyamwaga juu ya zabibu za jirani.

Perisi, kidato cha tatu, alicheka kwanza.
Kisha akachukua chaki yangu ya mbao:
"Baba, kioo hakitajwi kwa upana.
Kinatajwa kwa mshazari,
kona ya chini huku hadi kona ya juu kule.
Upana kumi na sita, kimo tisa, huo ndio uwiano wake.
Sasa tumia."

Kumi na sita mara yenyewe: mia mbili hamsini na sita.
Tisa mara yenyewe: themanini na moja.
Jumla, mia tatu thelathini na saba.
Kipeuo cha pili, kumi na nane na ushee
(ushee huo aliuandika wote;
mimi ningeupiga randa).
Hamsini na tano gawanya kwa hicho:
tatu, kasoro unywele.
Tatu mara kumi na sita, arobaini na nane.
Tatu mara tisa, ishirini na saba.

Nikakaa juu ya gogo.
Miaka ishirini navuta kamba kwenye misingi,
Chang'ombe, Kibaigwa, hadi Mpwapwa:
tatu huku, nne huku,
na ya mshazari isipotua kwenye tano
kona imelala, ng'oa vigingi.
Marehemu Chilongani alinifunza hilo kwa makofi,
kofi moja kila nilipokadiria kwa jicho.

"Kumbe nilikuwa najua," nikasema.
"Ulijua," akasema Perisi. "Ila ulimwamini mteja."

Usiku nilipita na futi kamba nyumbani,
mlango, dirisha, picha ya harusi,
kona kwa kona.
Kila kitu kilikuwa kirefu kuliko nilivyokifahamu.
Wenye maduka si wajinga:
katika mistari yote ya umbo
wanakuuzia ule mrefu.

Kabati nimelirudia.
Arobaini na nane, na kidole cha fremu,
na kidole cha pumzi, maana nacho hupata joto.
Mbao zilizoharibika
nimempigia Perisi meza ya kusomea.
Aliponiuliza ukubwa wake
nikamtajia mshazari.
Uwiano sikumpa.
Akautafute.