Swali la Saba

Fomu ina kurasa mbili. Swali la saba ni fupi:
"Je, kati ya waombaji wa zabuni hii
yupo unayehusiana naye kwa damu, ndoa au mali?"
Chini yake wameacha mstari mmoja,
kana kwamba ukoo wa Kigiriama
unaenea kwenye mstari mmoja.

Mimi Mbeyu, karani wa ununuzi,
mwaka wa tisa kwenye kampuni ya chumvi hapa Gongoni,
juu kidogo ya Malindi,
nimeshika kalamu tangu saa tatu.
Zabuni ni ya mifuko elfu arobaini,
ya kilo hamsini, mishono miwili chini.
Bahasha ni tano. Ya tatu ni ya Ngowa.

Ngowa, mwana wa mama mdogo.
Tulilala jamvi moja, tukagombania ukoko.
Mwaka niliokosa karo ya chuo
aliuza pikipiki yake, akaniletea pesa
zimefungwa ndani ya leso,
wala hakuzihesabu mbele yangu.
Deni hilo halina risiti.
Nilitie wapi? Kwenye damu, au kwenye mali?

Juzi alipita nyumbani na kikapu cha korosho.
"Si kitu," akasema, "ni za shamba."
Kesho yake nikamrudishia,
zimepungua kiganja kimoja:
Sidi wangu alikuwa ameshaonja.
Hicho kiganja nacho nimekiandika.

Mama akapiga simu.
"Mwenzio akilala njaa, hiyo kazi utaila na nani?"
Nikasema, mama, pesa zenyewe si zangu.
"Basi kama si zako, uchungu wa nini?"
Jibu sikuwa nalo.
Ninalo nusu tu, hata leo.

Fondo wa stoo akaninong'oneza:
"Andika hakuna. Nani atajua?
Majina yenu hata hayafanani."
Kweli hayafanani. Yeye Charo, mimi Kombe.
Lakini miaka tisa nimeitazama chumvi.
Nzi mmoja akitua juu ya rundo
anaonekana kutoka barabarani.

Nikaandika: *ndugu.*
Nikaongeza: *aliwahi kuuza pikipiki kwa ajili yangu.*
Maneno yakavuka pambizo,
nikageuza karatasi, nikaendelea.

Jumatano, kamati ilipoketi, nikasimama.
"Bahasha ya tatu ni ya ndugu yangu. Naomba kutoka."
Bi Zeituni, mwenyekiti, akatazama saa, akaiandika.
Hakunisifu. Alisema tu,
"Funga mlango, upepo unapeperusha karatasi."

Nje kuna benchi linalotazama mabwawa.
Wanawake walikuwa wakikokota reki,
viatu vya mpira hadi magotini,
na weupe ule ukiyachoma macho yangu.
Hapo ndipo nilipojifumania:
nilikuwa naomba Ngowa ashindwe.
Si kwa ubovu wa mifuko yake, sijaigusa hata mmoja.
Ashindwe ili mimi nionekane safi.
Ashindwe, ili korido nzima iseme,
yule mama, yule ni chuma.

Kumbe nayo hiyo ni maslahi.
Kumbe hata mikono iliyonawa
ina uchu wa kutazamwa.
Ningebaki kwenye kile kiti ningemnyima,
na kumnyima kule ningekuita haki.

Saa sita kasoro mlango ukafunguka.
Bi Zeituni akanipita, faili kwapani.
Sikuuliza. Hakusema.
Barua ataiandika karani mwingine.

Jioni nikampigia Ngowa.
"Yalipofika yako, nilitoka nje."
Akanyamaza, nikasikia kuku kwao,
na mtu akitwanga.
"Ulitoka," akasema.
"Ndiyo."
"Basi nikipata, nimepata mimi."
Nikakubali.
"Na nikikosa, usije kunipa pole. Nitakasirika."
Nikakubali na hilo.

"Na zile korosho?" nikauliza.
"Zile? Mama yako alizifuata mwenyewe.
Amezikaanga. Anasema fomu yenu haimhusu."