Mstari Mtupu wa Ukurasa wa 112

Vitabu vyake vitatu vinakaa rafu ya chini,
ambapo chumvi hupanda ukutani
na kula majalada kuanzia pembeni.
Kila Jumamosi mimi huvianika
kwenye baraza ya maktaba, hapa Langoni,
nikiwafukuza punda wasilambe gundi.

Cha kwanza ni cha redio. Cha pili, magazeti:
nani alipigwa picha, nani alikatwa kwa mkasi
akabaki bega tu kando ya mume.
Cha tatu ndicho kinachoazimwa
hadi uti wa mgongo umelegea.

Humo Daktari Mwanajabu Shekuwe anasimulia utepe
alioukuta Mombasa, kwenye kabati la chuma,
chini ya risiti za petroli.
Juu ya kopo: Lamu, 1961.
Jina la fundi mitambo lipo. La dereva lipo.
Hata betri ina jina.
Kisha: Mwanamke, dakika nne.

Na ndani ya dakika hizo, kikohozi kimoja,
jogoo wa jirani, halafu:

    Pete niliyoivua
    kidole chaitambua
    na mwenye kuichukua
    hajui alichobeba.

Alimtafuta miaka sita. Mkomani, Shela, Matondoni,
kinasa sauti kimelala kikapuni chini ya mchicha,
maana mlango unaomfungukia mwuza mboga
haumfungukii mtafiti.
Akampata. Yu hai, anachambua mchele.
Akasikiliza dakika zote nne bila kuinua uso,
akatupa kokoto, akasema:
"Sauti mmeitukua. Ina langu niatiyani."

Kwa hiyo ukurasa wa 112 una mstari mtupu.
Mhariri aliuzungushia wino mwekundu: jina?
Daktari akamjibu kwa neno moja: Uache.

Mimi ndiye niliyeiona penseli ya kwanza.
Herufi ndogo, za mtoto wa shule au mtu mwenye haya:
"Bi Mwanasiti wa Mkomani. Ni nyanya."
Nikatafuta raba. Sheria ni sheria,
tena yetu iko ukutani, na fremu, na kioo.
Sijaipata, kitabu kikaazimwa tena,
kikarudi na la pili:
"Si kweli. Ni Mwanaidi Bwanadi, mshona kofia."
La tatu lilikuja kwa hati za Kiarabu, kulia kwenda kushoto,
likakutana na la kwanza katikati ya mstari
kama watu wawili uchochoroni:
mmoja hana budi kugeuza bega.

Sasa yako kumi na moja.

Mwezi wa Rajabu Daktari alikuja mwenyewe,
miwani imefungwa uzi, viatu mkononi.
Nikamwonyesha kwa aibu,
kama mlinzi aliyeibiwa zamuni.
Akasoma kwa kidole. Kwenye jina moja
kidole kikasita.
Nikageuka nikapanga vitabu vilivyokwisha kupangwa,
maana kuna mambo uso huyasema
ilhali mdomo umekula yamini.

"Nifute?"

Hakunijibu. Aliuliza kama maktaba ina kichongeo.
Kipo, kibovu, hutafuna zaidi ya kuchonga.
Akaichonga penseli yangu taratibu,
maganda yakamwangukia mapajani,
akaiweka ndani ya ukurasa, akafunga kitabu,
akauliza bei ya samli siku hizi.

Raba nimeipata baadaye, ilikuwa mfukoni.

Jana mvulana mmoja kakiazima,
sauti yake ndiyo kwanza inavunjika.
Daftari letu lina safu ya sababu,
wengi huandika "shule" au huacha wazi.
Yeye aliikunja midomo, akaandika:
"kuna jina halimo."