Kawa

Bi Thuwaiba alikuwa na jicho, Mungu amrehemu.
Miaka ishirini na mitatu dirisha lake lilitazama mlango wangu,
na hapa Jadida hakupita mtu asipimwe:
nani kashuka na begi la Unguja,
nani kanunua nyama Jumanne.
Nikimchukia.
Nikipita nimejitanda mpaka puani.

Lakini siku niliyorudi dukani mkono mtupu,
sufuria nimeificha kwapani ndani ya kanga,
magharibi haijaisha, mlango ukabishwa:
mtoto, sinia, na kawa juu yake.
"Bibi kasema urudishe kawa tu."
Hakuuliza. Sikueleza.
Muhogo wa nazi, changu wawili.
Kaona, kafunika.

Sasa dirisha lile limepigwa misumari,
na juu ya duka la simu la Ngwali
kuna kidude cheupe, chenye kitaa chekundu.
"Usalama wetu sote, shangazi."
Kimeelekea kizingitini kwangu.

Ile siku nilitoka saa tisa za usiku,
cherehani ya marehemu mama mikononi,
nimeivisha shuka, kama maiti ya mtoto,
nataka ifike kwa mnunuzi kabla jua halijajua.
Nikajikwaa. Nikakaa chini. Nikalia,
kidogo tu, kiasi cha mtu asiyeonekana.

Adhuhuri Shaame akapiga simu kutoka Maskati:
"Dada, umeuza cherehani?"

Mie hata nafsi yangu sijaiambia.

Nikaenda kwa Ngwali. Vijana barazani wakanyamaza
kwa namna ya watu waliokwisha kucheka.
"Hujifuta yenyewe, shangazi. Siku thelathini."
Ramadhani nzima, basi:
najikwaa, nalia, nainuka,
kisha najikwaa tena.

Kawa ya Bi Thuwaiba ipo juu ya kabati.
Alikufa sijairudisha.
Niliishika, nikaitazama ngazi ya jirani,
nikasema hapana, hii ni ya chakula.

Nimefunga kamba mbele ya mlango, nikaanika kanga,
jina lake limekikabili kile kidude:
UMENIONA HUKUNIJUA.
Upepo wa bandarini ukiipepea
simu ya Ngwali hulia: kuna mtu mlangoni.
Hutoka mbio, mkono juu ya macho.
Hakuna mtu.
Hurudi ndani. Hulia.

Leo nimehesabu mara arubaini na moja,
na jua halijapinda.