Sahani ya Ziada

Mkesha wa Krismasi, Lublin. Theluji imeziba dirisha.
Mezani sahani moja tupu
ya mgeni asiyetarajiwa; ndiyo mila.

"Ya gościni," akasema dada yangu Kalina.
Mgeni, lakini wa kike.

Mjomba Ziemowit akaweka uma chini.
"Neno la maandamano hilo! Linakwaruza meno.
Mgeni ni gość, awe na ndevu au hereni."

Samaki akapoa.

Bibi Leokadia,
aliyeingia nyumba hii baada ya vita,
mtoto wa miaka saba, miguu imeviringwa matambara,
alikuwa akichambua miba, polepole,
akiipanga ukingoni.

"Basi mimi," akauliza, "pale mlangoni,
nilikuwa nani?"

Mjomba akaomba apewe chumvi.