Chanuo

Hermina Vajthó alitaka jua, jua tu,
kwa hiyo studio yetu kule Kolozsvár haikuwa na paa.
Ulikuwa ua wa mtengeneza mapipa,
sakafu ya mbao, kuta tatu za turubai,
na upepo ulipovuma kutoka mto Szamos
kitambaa cha meza kiliinuka katikati ya sebule ya tajiri.
Budapest wakacheka: upepo ndani ya nyumba!
Akawajibu kwa barua ya mstari mmoja:
"Nyumba zenu hazipumui."

Mimi nilikuwa mkono.
Jina langu Lőrinc, lakini yeye aliita "Mkono!" nami nikaja.
Mizunguko miwili kwa sekunde, isizidi, isipungue.
Nzi puani, mbili.
Asubuhi ile nimemzika mama, mbili, mbili.
Hata leo supu naikoroga kwa mwendo huo.

Mkanda wa siku zile ulikuwa na macho mabovu:
nyekundu uliiona nyeusi,
buluu ukaiona nyeupe kama chokaa ya kanisa.
Basi akawapaka waigizaji manjano usoni,
na damu ya askari ikawa jemu ya plamu
aliyoipika shangazi yake.
Nyuki wakaja matangani.
Maiti akapiga chafya, akainuka, akatimua mbio,
na Hermina nyuma yangu: "Usiache! Zungusha!"

Lakini siku moja alimleta Veronka, dobi wetu,
akamketisha kando ya dirisha lisilo na nyumba.
"Usiigize," alimwambia. "Chana nywele.
Barua haijafika."
Dakika moja na nusu.
Usiku wa kwanza ukumbini
mpiga kinanda alisahau kupiga,
mikono yake ikabaki hewani kama ya mtu aliyekamatwa.

Kisha vita. Kisha makarani wenye mizani.
Walisema ndani ya mikanda mna fedha.
Tulijua. Tuliiweka sisi:
ilikuwa shavu la Veronka, ilikuwa vumbi la mwanga begani pake.
Wakaiosha kwenye asidi
mpaka fedha ikawa fedha,
ya kununulia makaa ya mawe.

Na ile ngozi iliyobaki, tupu, angavu,
ikauzwa kwa kiwanda cha vitana.

Wengine husema Hermina alikwenda na mafua ya mwaka ule.
Wengine, yuko Arad, anashona kofia.
Sijauliza. Kamba hukatikia pembamba,
nami bado nina sehemu ya kushika.

Jana sokoni nimenunua chanuo, bei ya mkate.
Nimelisugua kwenye sweta: linanuka kafuri.
Nimeliinua kwenye taa, meno kwa meno,
nikatafuta.

Nywele zangu zenyewe hazifiki mia.
Nachana hivyo hivyo,
polepole, bila kuigiza,
mbali na moto.