Safu ya Alhamisi

Jedwali nimelichora kwa rula na wino mwekundu:
majina arobaini na mawili, siku tano, vema na mkasi.
Mradi wa kusoma jioni, shule yetu ya Mtopanga.
Mfadhili ataka asilimia.

Jumatatu vema. Jumanne vema.
Alhamisi mikasi imejipanga kama miba ya samaki:
Nyevu, Tsuma, Mwanakombo, na pacha wa Mishi.
Nikaandika: "Watoto hawana ari."
Wino haujakauka, nikaona haya.

Nikamwita Nyevu. Hakuniangalia.
"Alhamisi ndiyo siku maji hutoka, mwalimu.
Nikikosa foleni, twalala na mitungi mitupu."

Mwaka mzima tumewapima watoto
kwa kipimo kilichosahau bomba.

Sentensi nikaikwaruza kwa wembe; karatasi ikatoboka.
Sasa somo la Alhamisi ni asubuhi,
kabla ya kengele, uji ungali moto,
na Nyevu asoma, kidole chini ya neno,
akwama kwenye "ng'ombe," arudi nyuma,
apita.

Ripoti nimeituma na tundu lake.
Atakaye asilimia
na achungulie hapo.