Mia Moja Kando

Pangaboi la dari linageuza joto upande wa pili
kama andazi, halafu linaligeuza tena.
Mahakama ya Kazi, Tirunelveli. Kesi ya tatu.
Mimi Isakki, mpiga chapa, nimeketi chini ya kiti cha hakimu,
vidole vimetulia juu ya herufi, masikio kazini.

Mlalamikaji: Petchiammal, miaka hamsini na miwili,
msokotaji wa bidi, sigara ya jani, sigara ya makabwela.
Kati ya bidi na bidii pana herufi moja;
ndiyo hiyo aliyokuja kuidai.

Anafungua fundo la pindo la sari, anatoa daftari.
Kila siku elfu moja: jani likatwe, tumbaku ijazwe,
ncha ikunjwe, uzi ufungwe.
Kila jioni kijana wa wakala huchuchumaa mlangoni,
husukuma mia kando: "Mbovu hizi."
Mbovu hazilipwi.
Wala hazitupwi; huingia gunia lile lile.
"Haba na haba hujaza kibaba," anasema,
"lakini kibaba cha nani, Mheshimiwa?
Ukigawa ujira kwa niliyosokota kweli,
haufiki pale sheria ilipochora mstari."

Wakala, Sudalaimuthu, shati limenyooka, sauti imekunjamana:
"Kampuni hunikata kabla sijamkata yeye.
Mimi ni makali tu. Mpini uko Chennai."

Hakimu Vadivukkarasi akavua miwani.
"Kabla ya neno jingine, liandikwe hili:
mama yangu alisokota bidi miaka thelathini na mmoja.
Ada yangu ya chuo ilinuka tumbaku.
Anayehofu mkono wangu utaelemea, aseme sasa.
Faili litahamia kwa mwenzangu, nami sitanuna."

Nikaandika.
Petchiammal akatabasamu, kama aliyekutana na shangazi sokoni.
Wakala akashauriana na viatu vyake, muda mrefu. Kisha:
"Abaki. Heri anayeijua mbovu."

Ikaletwa sinia: mia moja zilizosukumwa kando.
Akazichukua mojamoja, bila kuzitazama,
dole gumba likibonyeza tumbo la jani
kama daktari kwa mtoto.
"Nzima. Nzima. Nzima. Hii, mama, mbovu."
Tabasamu la Petchiammal likaanza kupukutika.
Mbovu saba.
Nilitamani ziwe tatu. Mashine yangu haina kitufe cha kutamani.

Hukumu: saba kwa mia zikatwe, tisini na tatu zilipwe,
kwa kiwango cha sheria, si cha mlangoni;
wakala na kampuni wabebe pamoja,
mmoja akikwepa, mwingine asimame.
Lakini miaka minne iliyodaiwa ikawa miwili na nusu.
Rejista ya mwanzo ina jina la mkaza mwana wake.

"Kadi ilikuwa yake, vidole vilikuwa vyangu!"
"Ninakuamini," hakimu akasema.
"Kuamini kwangu si risiti. Mkaza mwana wako aje aseme hivyo."
"Yuko Tiruppur. Hatusemezani."
"Basi semezaneni. Mlango huu uko wazi siku sitini."

Mbele ya meza, daftari likirudi ndani ya fundo:
"Mama yako angenipa yote."
"Angekupa. Nao wangekata rufaa,
wangelitaja jina lake, nawe ungerudi nyumbani
na saba zile mbovu tu."

Hakuna aliyecheka. Wakala alitoka akipiga simu,
akiongea na mpini, nadhani.
Petchiammal aliuliza basi la saa tisa linapita wapi.

Nilibaki kuchapa nakala safi.
Mimi hulipwa kwa ukurasa; ukurasa wenye kosa haulipwi.
Kwenye "tisini na tatu" nilikosea tarakimu,
nikaichomoa karatasi, nikaitupa sandukuni
ambamo karani huzikusanya kila Ijumaa
na kuandika upande wa pili.

Nikainama.
Nikaanza kuzihesabu.